Kwa Nini Topetope Halingoji Mtu

Zima kwanza hiyo blenda, Raya. Nimesema zima. Wageni wenu hawajafika, na malai ya topetope haichukui hata muda wa kuchemsha chai, kwa hiyo msinikimbize. Mimi siwezi kukaa humu jikoni nikasikia mbegu za topetope zikisagwa. Keti hapo, wewe na Saumu mwenzako, mnawe mikono, mzitoe mbegu kwa vidole, moja moja, mziweke kwenye kile kibakuli. Mkiwa mnatoa nitawaeleza kwa nini. Na msinitazame sana mdomoni ninaposema. Nina sababu zangu za kushika pindo la kanga.

Kulikuwa na enzi, kabla ya mababu wa mababu zetu, ambapo kuiva kulikuwa hakujaja duniani. Matunda yalikuwepo, lakini yalizaliwa magumu na yakaanguka magumu. Ndizi ilichomwa kwenye makaa, papai lilikunwa, embe lililiwa kwa chumvi na kwa nguvu za taya. Watu wa Kizimbwi, ambako jambo hili lilitokea, walitafuna muhogo mkavu na nazi kavu kutwa nzima, na mtu alisifiwa kwa meno yake kama leo anavyosifiwa kwa nyumba yake. Aliyekula kitu laini alikuwa mtoto mchanga peke yake, na ulaini huo ulitoka kinywani mwa mama. Mama alitafuna, akatoa, akamlisha.

Najua Raya anataka kuniuliza, na uji je? Uji ulikuwepo. Ila kitu chochote kilichopondwa, kilichosagwa au kukamuliwa na mkono wa mtu, kwao kilikuwa sawa na kilichotafunwa na mwenzako, na hicho kilikuwa chakula cha mtoto. Kumwekea mtu mzima bakuli la uji ilikuwa kumtukana mbele ya ukoo wake. Sasa fikirini wenyewe. Mtu amezaa, amelima, amesuluhisha ugomvi wa nusu ya kijiji, halafu siku moja anafungua mdomo hana jino hata moja. Atakula nini?

Hakula. Na hapa ndipo mwili unaponisisimka kila nikisimulia, maana watu wale hawakuwa wakatili. Walikuwa na heshima iliyopita kiasi. Jino la mwisho likianguka, mzee aliiaga sahani yake. Alikunywa maji tu. Mtoto wake mkubwa alikwenda kukata ukindu, akaketi barazani kusuka kawa jipya, kile kifuniko cha chakula, siku saba kamili, na siku ya saba akalifunika juu ya sahani tupu ya mzazi wake. Kawa hilo halikufunuliwa tena. Ndugu walikuja kuagana, na haukupita muda mrefu mzee alikuwa amezikwa. Watu walirudi majumbani mwao wakiamini kwamba kila kitu kimekwenda kama inavyopasa.

Na meno yenyewe, kila moja lilizikwa siku ile ile lilipoanguka. Yalizikwa uani, chini ya mti usio na faida, kwa sababu hawakutaka mtu aje kula matunda yaliyomea juu ya meno ya wazee. Nyumba nyingi zilichagua mtopetope. Mti huo wakati ule ulikuwa hauna maana kabisa. Vijitunda vyake vilikuwa na ngozi nyororo kama ganda la yai, vigumu kama kokoto, na ndani mlikuwa na unga mweupe mkavu usio na ladha wala mbegu. Hata mbuzi walipita chini yake bila kuinua kichwa.

Katika kijiji hicho alikaa Bi Mwanakombo. Alikuwa mpenzi mkubwa wa tambuu, na kwa miaka mingi ya kutafuna tambuu meno yake yalikuwa yamekuwa meusi, meusi ya kung'aa, hata alipocheka watu walicheka naye bila kujua kinachochekwa. Alikuwa na mtoto wa kiume, Faki, mtu mpole mwenye maneno machache. Alikuwa pia na binti, lakini binti huyo alifariki siku aliyojifungua, akaacha mtoto wa kike aliyeitwa Mize. Mize alilelewa na bibi yake. Hakuwa na mama wa kumtafunia, kwa hiyo Bi Mwanakombo ndiye aliyemtafunia. Kila tonge lililomkuza msichana yule lilipitia kwanza kwenye meno yale meusi.

Miaka ikapita. Mize akawa mtu mzima, akashika nyumba. Meno ya Bi Mwanakombo yakaanza kuondoka, leo moja, mwakani mawili, na kila lilipoanguka walikwenda pamoja uani, wakachimba kwa kijiti, wakalifukia chini ya mtopetope. Bi Mwanakombo alifanya mzaha. Alisema wenzake hawa wamemtangulia kumwandalia mahali. Mize alicheka, lakini moyoni alikuwa akijua yamebaki mangapi.

Asubuhi moja Bi Mwanakombo alikuwa akitafuna kipande cha nazi, akaacha kutafuna. Akatia vidole mdomoni, akatoa kitu, akakiweka kiganjani na kukitazama kwa muda. Kisha akamwita mwanawe aliyekuwa nje.

"Faki, mwanangu. Ukindu bado upo kule bondeni?"

Faki alielewa. Alichukua panga lake akaondoka, na watu waliomwona akishuka bondeni wakati ule wa siku nao walielewa. Mize alisimama mlangoni akimtazama. Mtu pekee aliyemlea duniani alikuwa amebakiwa na siku saba, na yule aliyekwenda kukata ukindu hakuwa adui. Alikuwa mjomba wake mwenyewe, na alikuwa akilia njia nzima.

Siku ya kwanza Mize alipiga magoti mbele ya bibi yake. "Ulinitafunia mimi," alisema. "Niache na mimi nikutafunie. Nitafunga mlango, hakuna atakayejua."

Bi Mwanakombo alimshika kichwa. "Mimi nilikutafunia ili ukue, mjukuu wangu. Sasa mimi nikikua, nitakuwa nani?"

Siku ya pili Mize alikuna nazi mbili, akazikamua tui la kwanza, zito, lisilotiwa hata tone la maji, akalileta ndani ya kifuu. Alisema hiki si chakula, ni kinywaji tu kama maji. Bibi akamuuliza nani amelikamua. Mize akasema ni yeye. "Basi ni mkono wako, mwanangu," alijibu Bi Mwanakombo, akageukia ukutani.

Hapo Mize alishikwa na hasira. Kumbukeni alikuwa binadamu, na binadamu akikataliwa na mtu anayempenda hukasirika kuliko akikataliwa na adui. Alitoka hadi uani na kifuu chake, akasimama chini ya mtopetope, akapaza sauti: "Kama hutaki kunywa wewe, basi na yanywe meno yako!" Akamwaga tui lote juu ya udongo.

Udongo ulilinywa. Sisemi kwamba lilipotea ardhini kama maji yanavyopotea. Lilinywewa, kwa mkupuo, na Mize akasikia chini ya miguu yake sauti ndogo kama ya mtu anayemeza baada ya kiu ndefu. Alirudi nyuma. Alitazama juu, na kwenye tawi la chini akaona tunda moja limebadilika rangi, limekuwa kijani kibichi kilichokolea kuliko mengine, na limevimba kidogo. Akalishika. Bado lilikuwa gumu kama jiwe.

Hakumwambia mtu. Siku ya tatu alikamua tui jingine akalimwaga pale pale, na ya nne, na ya tano, na ya sita, akafanya vile vile. Kila siku tunda lilizidi kukua, na kila siku alilibonyeza kwa ncha za vidole, hapa na pale, pande zote, kutafuta mahali palipolegea. Hapakuwa na mahali. Ila kila alipobonyeza kidole kiliacha kibonyeo, na katikati ya kibonyeo kimoja na kingine ngozi ilivimba ikawa kinundu. Tunda lililokuwa nyororo kama yai likaenea vinundu mwili mzima. Na barazani, mbele ya nyumba, kawa la Faki nalo lilikuwa linakua. Mize alikuwa akiviona vitu hivyo viwili kila alipopita, kimoja mbele ya nyumba na kimoja nyuma.

Siku ya saba ndugu walianza kufika tangu asubuhi. Waliketi mikekani kwa adabu, wakazungumza kwa sauti za chini. Ndani Bi Mwanakombo alikuwa amelala, mwembamba, amevaa kanga zake nzuri, macho yanakwenda na kurudi. Faki alikuwa amefika kwenye mizunguko ya mwisho ya ukindu. Alisuka polepole kadiri alivyoweza, lakini mtu hawezi kusuka polepole milele mbele ya macho ya ukoo mzima.

Mize alikwenda uani akalishika tunda lile kwa mikono miwili bila kulichuma. Hakuwa na tui tena. Hakuwa na kitu. Akainama mpaka paji la uso likagusa shina, akasema na meno yaliyokuwa chini.

"Ninyi mnanijua," alisema. "Mlinilisha kabla sijajua jina langu. Mimi sina siku nyingine baada ya leo. Nawaomba mfanye haraka."

Watoto wangu, sijui niwaeleze vipi kilichofuata. Waliokuwepo walisimulia kwamba ndege walinyamaza kijiji kizima. Jua lilikuwa utosini, na upepo ukasimama. Mize alihisi kitu kinatembea ndani ya shina, kinapanda, na majani yakatikisika bila upepo, kuanzia chini kwenda juu. Na lile tunda, lililokuwa jiwe asubuhi ile ile, lililokuwa jiwe tangu dunia iwe dunia, likalegea mikononi mwake. Mifereji baina ya vinundu ikapanuka, ikawa myeupe. Harufu ikatoka ambayo hakuna mtu aliyewahi kuinusa, kwa kuwa ilikuwa harufu ya kuiva, na kuiva ndiyo kwanza kulikuwa kunaingia duniani. Kule barazani watu waliacha kuzungumza, wakainua pua. Wengine walitokwa na machozi bila kujua wanalilia nini.

Mize alipoinua macho, matunda mengine yalikuwa yanafuata, tawi kwa tawi.

Alichuma mawili. La kwanza alilifungua kwa pupa, akakuta ndani nyama nyeupe kama tui zito, nyororo, imejikunja vipande vipande, na kila kipande kimekumbatia mbegu nyeusi inayong'aa. Kwa haraka aliyokuwa nayo hakuzitazama mbegu. Alizitoa akazitupa kando, akaikoroga ile nyama kwa kijiko cha mti pamoja na matone ya tui aliyoyakamua kwenye machicha yaliyosalia kifumbuni, akadondoshea asali na iliki iliyopondwa, na kabla hata pumzi zake hazijatulia, malai ikawa tayari. Hiyo ndiyo malai ya kwanza. Haikuwashiwa moto, haikuchukua muda, kwa sababu aliyeitengeneza hakuwa na muda.

Akapita katikati ya ndugu, akaingia ndani. Bi Mwanakombo aliinusa. Aliinua kichwa kuifuata ile harufu, na kila mtu aliona jinsi alivyoitamani. Lakini alipoiona ilivyo laini alifumba macho.

"Nani ametafuna?" aliuliza.

"Hakuna aliyetafuna, Bibi."

"Kitu hakiwi laini bila mtu, Mize. Usinidanganye saa hii."

Kilichomvunja moyo Mize ni kwamba amefika mpaka pale, mkononi ana kitu ambacho dunia ilikuwa haijakiona, na hana neno la kukisemea. Faki alikuwa amesimama mlangoni na kawa lake, limekwisha, ukindu wa mwisho umekatwa. Mize aliweka bakuli chini. Akachukua lile topetope la pili, zima, kama lilivyotoka mtini, akaliweka kiganjani mwa bibi yake.

Bi Mwanakombo alifungua macho. Alilipapasa lile tunda, akapitisha vidole kwenye vibonyeo, kisha akalibonyeza kwa vidole gumba viwili, nalo likafunguka lenyewe, bila kisu. Akatazama ndani kwa muda mrefu. Akachomoa mbegu moja, nyeusi, ngumu, inang'aa, akaipangusa kwa kanga na kuiweka kinywani, pembeni, mahali palipokuwa patupu. Akaizungusha kwa ulimi, kwa utulivu, kama mtu anayetafuta jina la mgeni aliyewahi kumjua.

"Hili nalifahamu," alisema. "Hili lilinitoka mwaka ule wa mvua kubwa." Akachukua nyingine. "Na hili nililivunja pembe kwa mfupa wa samaki. Palipovunjika ndipo hapa, tazameni."

Bi Mwanakombo alianza kucheka, kile kicheko chake kilichowafanya watu wacheke bila kujua kinachochekwa. "Mize, umesema kweli. Hakuna mtu aliyenitafunia. Ni meno yangu haya. Yamekaa chini huko, yamenywa tui lako, yamenitafunia mimi mwenyewe." Na akala. Alikula topetope lile mpaka ngozi ikabaki tupu, akitema mbegu moja moja kiganjani kwa heshima, kisha akavuta bakuli la malai, akasema tui ambalo meno yake yameshalinywa halimtukani, akalimaliza nusu.

Faki alikuwa bado amesimama mlangoni, machozi yanamtiririka, hajui afanye nini na kitu alichokisuka kwa siku saba. Mama yake akamtazama.

"Kawa lako zuri, mwanangu," alisema. "Lete hapa. Lifunike hili bakuli nzi wasiingie, nusu hii nitaila jioni."

Siku ile ile wazee wawili wa kijiji waliokuwa tayari wameziaga sahani zao walibebwa kwa machela hadi uani kwao, ambako mitopetope nayo ilikuwa imeanza kuivisha, makawa yao yakafunuliwa, wakalishwa matunda ya mti wa meno yao wenyewe. Kuna mzee alilia alipoonja, akasema amemkumbuka mkewe aliyefunikiwa sahani miaka kumi nyuma. Hapo ndipo watu wa Kizimbwi walipoinamisha vichwa na kuona walichokuwa wakikifanya. Na hapo kilio ambacho hawakukilia kwa vizazi vyote kilitoka kwa mara moja.

Ndizi, papai na embe yalisikia habari hiyo, yakajifunza kuiva nayo. Lakini hayakuwa na Mize wa kuyahimiza, ndiyo maana yanajivuta, siku nne, wiki, mpaka uyafunike kwa majani au uyazike kwenye pumba. Topetope lilifundishwa kuiva na mtu aliyebakiwa na siku moja.

Na tangu siku hiyo topetope halingoji mtu. Leo unalibonyeza ni gumu, kesho limelegea mikononi, keshokutwa limepasuka chini na sisimizi wameshalijua. Huwezi kuliweka akiba. Likiiva unalitengeneza saa hiyo hiyo na kumlisha aliye karibu. Tangu siku hiyo ngozi yake ina vinundu na vibonyeo vya vidole vya msichana mmoja. Linapatana na tui kwa kuwa lilianza kwa kulinywa. Tangu siku hiyo kawa halifuniki sahani tupu, hufunika chakula kinachomsubiri mwenyewe arudi. Na mbegu za topetope hatuziumi, hatuzisagi, hatuzipondi. Ni sumu ukizisaga, mwulizeni yeyote, na mimi sioni ajabu. Nani asagiwe meno ya bibi yake akubali? Tunazitoa nzima, tunazirudisha ardhini.

Naona mmemaliza. Haya, tieni tui, asali kidogo, iliki kidogo zaidi ya hapo, Saumu, usiwe bahili. Korogeni kwa kijiko. Basi, inatosha, mmeona? Imekwisha kabla ya kuanza.

Hapana, Raya, usiipeleke sebuleni. Kijiko cha kwanza cha malai ya topetope hakiendi kwa wageni, hata wakiwa wakwe wa nani. Njoo hapa kwanza. Shika pindo hili la kanga, lifungue fundo taratibu. Usiogope. Limeanguka leo alfajiri, nikiwa natafuna ubani, nalo ndilo lilikuwa la mwisho.

Msilie, wajinga ninyi. Tukishakula mtanishika mikono, mmoja huku mmoja huku, twende uani tukalizike na wenzake. Sasa lete hicho kijiko, nina njaa.